Njia mbili zilipokatika pamoja: Funzo la Mei 2024 kwa Mwanza

Na Mwandishi Wetu, Mwanza

KWA miaka mingi msafiri aliyetoka Mwanza kwenda Geita alikuwa na njia tatu kichwani. Ya kwanza ilikuwa kivuko cha Kigongo na Busisi, ya pili kivuko cha Kamanga, na ya tatu kuzunguka mbali kwa barabara ya Shinyanga na Kahama. Dereva mzoefu alizipanga kwa ubora wake, na siku kivuko kilipoharibika aligeuza usukani bila kumuuliza mtu. Juni 19, 2025, Rais Samia Suluhu Hassan alipozindua Daraja la J.P. Magufuli lenye urefu wa takribani kilomita tatu, orodha hiyo ilibadilika. Daraja lilipanda juu.

Taarifa zinazopita katika simu na kompyuta za wakazi wa Nyamagana na Ilemela husafiri kwa mtindo huo huo. Badala ya dereva kuna mtambo uitwao ruta, na badala ya kumbukumbu ya dereva kuna jedwali la njia. Jedwali hilo linaonyesha, kwa kila anwani, taarifa itokee mlango gani na ikabidhiwe kwa jirani yupi. Njia bora inapokufa, ruta huifuta na kuandika inayofuata, ilimradi inayofuata ipo.

Sharti hilo la mwisho ndilo lililoiponza nchi Jumapili ya Mei 12, 2024.

Asubuhi ya siku hiyo intaneti ilizorota ghafla Tanzania nzima. Waziri wa Habari, Mawasiliano na Teknolojia ya Habari wa wakati huo, Nape Nnauye, alieleza kuwa hitilafu ilikuwa katika mikongo ya baharini kati ya Msumbiji na Afrika Kusini. Mikongo hiyo ni Seacom, iliyoanza kazi mwaka 2009, na EASSy, iliyofuata mwaka 2010. Kenya, Uganda na nchi nyingine za ukanda huu nazo ziliguswa, lakini Tanzania ilikuwa miongoni mwa zilizoumia zaidi. Ubalozi wa Marekani jijini Dar es Salaam ulifunga milango kwa wananchi Mei 14 na 15 kwa sababu ya kudorora kwa mtandao.

Wengi walijiuliza inakuwaje nchi yenye zaidi ya mkongo mmoja ikatike kama yenye mmoja. Jibu linaanzia mbali na Ziwa Victoria. Februari 24 mwaka huo huo, mikongo mitatu, ikiwamo Seacom, ilikuwa imekatika katika Bahari ya Shamu. Kwa hiyo upande wa kaskazini, unaoelekea Misri na Ulaya, ulikwishapungua nguvu, na mzigo mkubwa ukaelekezwa kusini. Kusini kulipokatika, majedwali ya njia yalifanya kazi yake kwa uaminifu: yalitafuta njia nyingine. Yaliyoikosa yaliziacha taarifa zipotee. Yaliyoipata yalimimina mzigo wote katika njia nyembamba, mithili ya magari ya vivuko viwili kupangwa foleni katika kivuko kimoja.

Kenya ilipata nafuu kwa sababu ilikuwa na mlango mwingine. Mkongo wa TEAMS, uliozinduliwa mwaka 2009, hutoka Mombasa hadi Fujairah katika Falme za Kiarabu, bila kupita Msumbiji wala Bahari ya Shamu. Tofauti kati ya nchi hizi mbili siku ile, kwa hiyo, haikuwa idadi ya mikongo pekee. Mikongo miwili iliyolala katika bahari moja, ikafuata upande mmoja na kuharibika siku moja, kwa mwenye jedwali ni njia moja yenye majina mawili.

Jambo hili linaigusa Mwanza kwa namna ya pekee, kwa kuwa jiji liko mbali na pwani. Mkongo wa Taifa wa Mawasiliano, uliofikia kilomita 7,560 katika awamu zake za mwanzo na unaosimamiwa na TTCL, ulisanifiwa kwa mizunguko ili mkoa ukikatiwa upande mmoja ufikiwe kwa upande wa pili. Kutoka Kanda ya Ziwa taarifa zinaweza kushuka Shinyanga, Singida na Dodoma hadi Dar es Salaam. Aidha, mkongo huo umeunganishwa na wa nchi jirani mipakani, ikiwamo Sirari kwa upande wa Kenya na Mutukula kwa upande wa Uganda. Kijiografia, mji huu una milango mingi kuliko miji mingi ya nchi.

Lakini mlango uliopo kwenye ramani si lazima uwe kwenye jedwali. Ili njia ya akiba iokoe, mambo matatu yanahitajika. Kwanza, iwe tofauti kweli. Benki au hospitali inayonunua laini mbili kwa kampuni mbili inaweza kudhani imejikinga, kumbe nyaya zote mbili zimelala katika mtaro mmoja kando ya barabara moja, na mtambo mmoja wa kuchimba unatosha kuzikata. Pili, iwe na upana wa kubeba mzigo wa njia kuu, si wa barua pepe peke yake. Tatu, iwe imelipiwa, imetangazwa kwa majirani na imejaribiwa kabla ya siku ya dhiki.

Majaribio yana umuhimu kwa sababu ruta hazitambui kifo cha jirani papo hapo. Ndani ya kampuni moja, katika mipangilio ya kawaida ya itifaki ya OSPF, ruta husalimiana kila sekunde 10 na jirani aliyekaa kimya sekunde 40 huhesabiwa amekufa. Kati ya kampuni na kampuni hutumika itifaki ya BGP, ambayo katika vifaa vingi husubiri hadi sekunde 180 waya ukifa bila kutoa ishara. Dakika tatu ni chache kwa msomaji wa gazeti. Kwa wakala aliye katikati ya muamala, au mnunuzi wa dagaa anayelipa Mwaloni Kirumba, ni nyingi.

Njia pia zinaweza kupotea bila waya wowote kukatika. Oktoba 4, 2021, Facebook na WhatsApp vilitoweka duniani kote kwa takribani saa sita. Mikongo ya baharini ilikuwa mizima. Kosa lililotokea wakati wa matengenezo ndani ya kampuni hiyo liliuvunja mtandao wake wa ndani, na matangazo ya njia za kuifikia yakaondolewa katika majedwali ya dunia. Watumiaji wa Mwanza walikosa huduma sawa na wa London.

Ni vema pia kutenganisha ajali na amri. Oktoba 29, 2025, siku ya Uchaguzi Mkuu, intaneti ilizimwa nchini na ikarejea siku tano baadaye. Njia mbadala hutibu kukatika kwa waya. Hazitibu uamuzi wa kufunga milango yote kwa pamoja. Mfanyabiashara anayepanga kujikinga hana budi kuzihesabu hatari hizo mbili kila moja peke yake.

Dawa ya ajali inajulikana. Mkongo wa 2Africa, uliofikishwa Dar es Salaam mwaka 2023 kupitia Airtel, umeongeza mlango wa baharini. Vituo vya kubadilishana taarifa za ndani, ikiwamo cha Mwanza, huwezesha ujumbe wa mkazi wa Nyegezi kwenda Igoma usizunguke Ulaya, mradi kampuni zote ziunganishwe hapo na huduma ziwekwe katika seva zilizo ndani ya nchi. Huduma ya namna hiyo haina haja ya bahari, hivyo mkongo ukikatika huko Msumbiji haiwi na sababu ya kusimama.

Kinachobaki ni uwazi. Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania (TCRA) inaweza kuzitaka kampuni zieleze laini wanazouza zinapita wapi hadi pwani na zinategemea mkongo upi. Taasisi za Mwanza nazo zinaweza kudai ramani hiyo kabla ya kusaini mkataba, na kuzima laini kuu kwa makusudi usiku mmoja ili kuona kama ya pili inabeba mzigo.

Dereva wa zamani wa Kigongo hakuamini kivuko cha pili kwa kusikia jina lake. Aliuliza kwanza kama kinatembea, na kina nafasi ya magari mangapi.