Herufi Nne Hazitoshi: Namna ya Kusoma Majibu ya Vipimo vya Tabia

Siku hizi ukipokea wasifu wa kijana anayetafuta kazi ya kuandika programu, usishangae kukuta chini ya jina na shahada herufi nne: INTJ, ENFP, ISTP na kadhalika. Wengine wameziweka hadi kwenye WhatsApp. Ukiwauliza maana yake watakwambia, "Ndivyo nilivyo, nilipimwa."

Mimi sina ugomvi na kupimwa. Kipimo kizuri cha tabia kinaweza kukuonyesha kitu ambacho ulikuwa hukioni. Ugomvi wangu ni na namna tunavyoyasoma majibu. Tunayasoma kama kundi la damu, kitu ulichozaliwa nacho na ambacho utazikwa nacho, ilhali yanafaa yasomwe kama presha: namba iliyochukuliwa siku fulani, yenye kosa ndani yake, na ambayo haikwambii lolote mpaka uilinganishe na namba za watu wengine.

Tuanze na hizo herufi. Kipimo cha Myers-Briggs kilitengenezwa Marekani na mama na bintiye, Katharine Briggs na Isabel Briggs Myers. Hakuna kati yao aliyesomea saikolojia (hilo si dhambi, wengi wetu tulijifunza kuandika programu nje ya darasa). Walichukua mawazo ya Carl Jung, daktari wa Uswisi aliyechapisha kitabu chake kuhusu aina za watu mwaka 1921, wakayageuza kuwa maswali. Kazi hiyo ilishika kasi wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, na mwaka 1962 Educational Testing Service ikachapisha mwongozo wake.

Maswali hayo yanakupa alama kwenye mizani nne. Mmoja wapo, kwa mfano, unaonyesha kama unapata nguvu ukiwa na watu (E) au ukiwa peke yako (I). Hadi hapo sina neno. Tatizo ni hatua ya mwisho, ambapo kila mizani hukatwa katikati na kila mtu akasukumwa upande mmoja.

Kama umewahi kuandika programu utanielewa haraka. Una namba yenye nukta, tuseme 0.52. Badala ya kuihifadhi unaigeuza kuwa ndiyo au hapana, kisha namba yenyewe unaitupa. Jirani yako ana 0.48 na mtu wa tatu ana 0.97. Hifadhidata yako sasa inasema kwamba wewe na huyo wa 0.97 ni kitu kimoja, na jirani yako ni kiumbe tofauti kabisa. Mwanafunzi akiniletea msimbo kama huo namrudishia akaurekebishe. Tena tabia za watu, kama ulivyo urefu, hujikusanya katikati. Wachache sana ni wapiga domo wa kupindukia au mabubu wa kupindukia. Wengi wetu tuko hapo kati, na hapo kati ndipo kisu kinapopita.

Niliandika programu fupi ya Python kuona kisu hicho kinafanya nini. Haifiki mistari ishirini, yeyote anaweza kuirudia. Niliunda watu bandia laki moja, nikawapa alama kwenye mizani nne zisizotegemeana, nikawapima mara mbili huku vipimo viwili vikilandana kwa 0.8 (1 ni kulandana kikamilifu). Kwenye mizani mmoja, karibu watu 80 kati ya 100 walibaki na herufi ile ile. Si mbaya, au sivyo? Lakini herufi ni nne, na 0.8 zidisha 0.8 mpaka zitimie nne unabaki na kama 0.4. Yaani watu 60 kati ya 100 walibadilika angalau herufi moja, na tabia zao hazikuwa zimebadilika hata chembe, kwa maana mimi ndiye niliyewaunda! Nikapandisha hadi 0.9, kiwango ambacho vipimo vingi vinakitamani tu. Bado 46 kati ya 100 walibadilika.

Basi mbona mtu akisoma maelezo ya aina yake husema "huyu ni mimi kabisa"? Swali hilo lilijibiwa zamani. Bertram Forer, mwanasaikolojia wa Marekani, alichapisha mwaka 1949 jaribio alilolifanya na wanafunzi wake 39. Aliwapa kipimo, baadaye akampa kila mmoja karatasi yenye maelezo ya tabia yake, akawaomba wayape alama kutoka 0 hadi 5 kwa jinsi yalivyowalenga. Wastani ulikuwa 4.26. Ndipo akawafichulia kwamba wote walikuwa wamepewa karatasi moja, ambayo sentensi zake nyingi zilitoka kwenye kitabu cha unajimu cha kuuzwa kibandani. Ukitaka kujijaribu, soma maelezo ya aina iliyo kinyume na yako bila kutazama herufi zake, uone ni sentensi ngapi zitakukataa. Utagundua pia kwamba aina zote 16 zimeandikwa kwa kusifu. Sijaona hata moja inayosema "wewe ni mzito wa kulipa madeni".

Watafiti wa saikolojia wengi hutumia kitu kingine, ambacho nitakiita Sifa Tano Kuu. Kisa chake kinanifurahisha kwa sababu kilianzia kwenye kamusi. Mwaka 1936 Gordon Allport na Henry Odbert walipekua kamusi kubwa ya Kiingereza wakatoa karibu maneno 18,000 ya kueleza watu. Hoja ilikuwa kwamba sifa ambayo watu wanahitaji kuitaja kila siku haiwezi kukosa neno. Waliofuata wakawa wanayapunguza maneno hayo na kutazama yapi huenda pamoja. Mwaka 1961 Ernest Tupes na Raymond Christal, waliofanyia kazi Jeshi la Anga la Marekani, walieleza kwamba yanajikusanya katika mafungu matano. Kwa maneno yangu: kupenda mambo mapya, bidii na utaratibu, uchangamfu, upole kwa wenzako, na wepesi wa kuingiwa na wasiwasi. Lewis Goldberg, aliyeyapa mafungu hayo jina lake la Kiingereza, alianzisha pia hazina ya maswali iitwayo International Personality Item Pool. Ina maswali zaidi ya 3,000, ni ya bure, na hakuna atakayekudai leseni. Sisi wa programu huria tunaelewa thamani ya kitu kama hicho.

Hapa huwekwi kwenye kisanduku. Unapewa namba tano. Na hapa ndipo watu wanapokosea kusoma.

Tuseme kipimo kimepangwa wastani uwe 50 na mtawanyiko 10, nawe umepata 55 kwenye uchangamfu. Hiyo inakuweka nafasi ya 69 kati ya watu 100, ukianza kuhesabu na aliye mkimya zaidi. Unafurahi, wewe ni mchangamfu! Polepole. Kama uthabiti wa kipimo ni 0.8, jambo la kawaida kwa vipimo vifupi, kosa lake ni kama alama 4.5 kila upande, na ukitaka uhakika wa asilimia 95 ni karibu 9. Yaani unaweza kuwa popote kati ya 46 na 64. Kwa nafasi, hiyo ni kutoka 34 hadi 92! Jibu la kweli, basi, ni "pengine umezidi kidogo wastani". Ukipata 72 hapo una habari. Ukipata 55 jifunze kusema "sijatofautiana sana na wenzangu" na uendelee na maisha.

Swali linalofuata ni: wenzangu gani? Nafasi ya 69 ni kati ya watu ambao tovuti hiyo imewaweka kama kipimo, na mara nyingi hao ni wasomaji wa Kiingereza wa Marekani na Ulaya walioamua wenyewe kujaza. Mtu anayeonekana mkimya mbele yao huenda akawa mpiga soga kwao Murang'a. Tovuti ikikosa kukuambia imekulinganisha na nani, namba yake ni sawa na kuambiwa umekuwa wa tatu bila kuambiwa mbio zilikuwa na watu wangapi.

Halafu tazama ndani ya namba. Toleo refu la maswali hayo ya bure hugawanya kila sifa mara sita. Mtu anaweza kupata wastani kabisa kwenye bidii na utaratibu kwa sababu meza yake imepangwa vizuri mno na hapo hapo hawezi kuanza kazi mpaka usiku wa kuamkia siku ya kukabidhi. Alama kubwa na alama ndogo zimefutana. Namba ya juu inasema "kawaida", na hizo mbili za chini zinamwambia jambo analoweza kulifanyia kazi Jumatatu. Mimi ningeambiwa nichague sehemu moja tu ya ripoti, ningechukua hii.

Sasa tuje nyumbani, kwa sababu hata Sifa Tano Kuu zina shida zikivuka mipaka. Mwaka 2019 Rachid Laajaj na wenzake walichapisha utafiti katika jarida la Science Advances, wakitumia majibu ya watu 94,751 waliohojiwa ana kwa ana katika nchi 23 za kipato cha chini na cha kati. Walikuta kwamba maswali ya kawaida kwa jumla hayakupima sifa yaliyokusudiwa kupima. Kwa watu wa nchi hizo hizo waliojaza wenyewe kwenye intaneti hali ilikuwa afadhali. Moja ya sababu ni mazoea ya kukubali kila kitu. Nani asiyeijua hiyo? Mgeni amekuja na karatasi, umempa kiti na chai, anakuuliza kama wewe ni mwenye bidii. Ndiyo. Je, wewe ni mvivu kidogo? Ndiyo pia, usimvunje moyo.

Ndiyo maana kipimo kilichotengenezwa vizuri huuliza jambo moja kwa pande mbili, "huongea sana" na "huwa sina mengi ya kusema", kisha programu hugeuza jibu la pili (kwenye ngazi ya 1 hadi 5 unatoa jibu kutoka 6). Aliyekubali yote mawili anajulikana mara moja. Kabla hujaamini tovuti yoyote, angalia kama maswali yote yameelekea upande mmoja.

Na lugha nayo. Moja ya maswali maarufu ya Kiingereza, ukilitafsiri neno kwa neno, linauliza kama wewe ni "uhai wa karamu". Shosho wangu angeuliza ni karamu gani na nani amekufa. Walipofanya kazi ya kamusi kwa lugha ya Maa, inayosemwa na Wamaasai wa Kenya na Tanzania, Amber Thalmayer, Gerard Saucier na wenzao walikuta maneno hayajipangi kama yale matano ya Kiingereza (walichapisha mwaka 2020). Sisi tuna uungwana, utu, kiburi na ujeuri, maneno tunayotumia kila siku kumpima mtu, na sidhani kama mafungu matano yanayameza yote bila kubakiza.

Jambo jingine ambalo kipimo cha kujijazia hakiwezi: kukuonyesha usichokiona. Simine Vazire alionyesha mwaka 2010 kwamba mtu hujijua kuliko rafiki zake kwenye mambo ya ndani, kama wasiwasi, lakini rafiki humshinda kwenye mambo ambayo sote tunapenda kujisifia, kama akili na ubunifu. Kwa hiyo mpe mwenzako wa kazini maswali yale yale akujazie wewe, na dada yako pia. Mahali mtakapotofautiana kwa alama nyingi pana faida kuliko ripoti nzima ya kurasa 20. Na urudie baada ya miaka, kwa sababu uchambuzi wa Brent Roberts na wenzake wa 2006, uliokusanya tafiti 92 zilizofuatilia watu kwa muda mrefu, uliona kwamba kwa wastani watu huongeza bidii na kupunguza wasiwasi kadiri wanavyokomaa. Aliyekupa herufi ukiwa na miaka 20 alimpima mtu mwingine.

Haya yote yangekuwa mchezo kama yasingegusa ugali wa mtu. Kijana mmoja niliyemfundisha kazi aliomba nafasi katika kampuni moja hapa Nairobi. Walimtumia kiungo, akajaza kipimo saa kumi alasiri, na kabla ya saa moja usiku barua pepe ilikuwa imefika: tabia yake haifai kwa kazi ya kukutana na wateja. Huyu ni mtu ambaye kwa miaka miwili amekuwa akizunguka Gikomba akiwaunganishia wenye maduka malipo ya M-Pesa, akiwaeleza mpaka waelewe. Hakuna aliyempigia simu. Hata wenyewe wa Myers-Briggs husema wazi kwamba si haki kutumia kipimo chao kuchuja waomba kazi, na kifungu cha 35 cha Sheria ya Ulinzi wa Data ya Kenya ya mwaka 2019 kinampa mtu haki ya kutoamuliwa jambo zito na mashine peke yake, ingawa kina vighairi vyake.

Nilimsaidia kuandika barua yenye maswali matatu: kipimo gani kilitumika, alilinganishwa na watu gani, na ni binadamu yupi aliyesoma majibu yake kabla ya uamuzi. Wiki ya nne hii, bado hawajajibu.