Usawa Hauoti Wenyewe

Wengi huamini kwamba usawa wa wanawake ni tunda la maendeleo, na kwamba taifa likishapata viwanda, shule na katiba nzuri, usawa huo huiva wenyewe mradi watu wawe na subira. Imani hiyo haina mashiko, na Ufaransa, inayotolewa mfano mara kwa mara ili kuithibitisha, ndiyo inayoikanusha. Subira huvuta heri, husema waumini wake. Huko ilivuta miaka 155, kutoka Tangazo la Haki za Binadamu la mwaka 1789 hadi wanawake walipopewa haki ya kupiga kura mwaka 1944, na hata baada ya hapo mume aliendelea kuwa na uwezo wa kisheria wa kumzuia mkewe kufanya kazi hadi mwaka 1965.

Yvette Roudy, mpiga taipu wa zamani aliyefasiri kwa Kifaransa kitabu cha Betty Friedan, mtetezi wa haki za wanawake wa Marekani, kabla ya kuwa Waziri wa Haki za Wanawake mwaka 1981, hakukuta chochote kilichoiva. Utoaji mimba ulikuwa umeruhusiwa tangu mwaka 1975, lakini mwanamke alijilipia mwenyewe, kwa hiyo haki ya maskini ilibaki kwenye karatasi mpaka Roudy alipopigania gharama hizo zibebwe na bima ya taifa, jambo lililopitishwa mwishoni mwa mwaka 1982. Mwaka uliofuata alipata sheria ya usawa kazini, lakini muswada wake dhidi ya udhalilishaji wa kijinsia, hasa katika matangazo ya biashara, ulikejeliwa na magazeti hadi ukafa. Mwaka 1984 iliundwa tume ya kutafuta majina ya kike ya vyeo; msomaji wa Kiswahili, ambaye neno lake “waziri” halina jinsia, huenda akacheka, lakini Académie française, taasisi inayolinda lugha ya Kifaransa, ilipinga na haikulegeza msimamo hadi mwaka 2019.

Mwaka 1996 Roudy na wanasiasa wengine tisa wanawake, wa mrengo wa kushoto na wa kulia, walidai pariti, yaani vyama vilazimike kusimamisha wagombea wanawake na wanaume kwa idadi sawa. Sheria ilipatikana mwaka 2000, na katika uchaguzi wa mwaka 2002 vyama vikubwa viliona nafuu kukatwa ruzuku ya serikali kuliko kuitii: kati ya wabunge 577, wanawake walikuwa 71.