Hawa "wasiojulikana" mbona wanawajua sana wasanii wetu?

Jamani, hili neno "watu wasiojulikana" limenichosha. Tumelizoea mpaka tunalitamka kama jina la idara fulani yenye ofisi na mhuri.

Aprili 2017 Roma Mkatoliki na wenzake walichukuliwa studio za Tongwe, Dar es Salaam. Waliowachukua wakabeba mpaka kompyuta. Siku tatu baadaye wakapatikana, na Roma akawasimulia waandishi jinsi walivyofungwa macho, wakapigwa na kuhojiwa. Pembeni yake alikaa Waziri wa Habari, Harrison Mwakyembe! Mimi nilikuwa bado sekondari, nikawa nangoja kusikia nani kakamatwa. Sasa niambieni wadau, jambazi gani anamteka mwanamuziki ili amhoji? Jambazi anataka hela, maelezo ya nini?

Najua kuna atakayesema mbona siku chache kabla Rais Magufuli aliagiza Nay wa Mitego aachiwe na "Wapo" upigwe redioni. Ni kweli. Polisi walimkamata Morogoro, BASATA ikaufungia wimbo, halafu mkubwa akaupenda na wote wakageuka. Lakini huo ndio ugonjwa wenyewe! Kama wimbo unakuwa halali kwa sababu mkubwa kaupenda, siku akiuchukia je?

Roma aliimba yaliyomkuta, 2018 akafungiwa miezi sita kwa "Kibamia", mwishowe akahamia Marekani. Mwaka 2024 mchoraji Shadrack Chaula wa Rungwe alihukumiwa miaka miwili jela au faini ya shilingi milioni 5, baada ya video yake akichoma picha ya Rais Samia. Watu wakachanga, faini ikalipwa. Agosti akachukuliwa na... mnawajua.

Sisi wa Moshi tunajifanya hayo ni ya Dar na Mbeya. Kuna dogo mmoja wa Majengo anachana vizuri kweli, kafuta verse nzima kwenye wimbo wake mpya. Hakuna polisi aliyemwita wala simu aliyopigiwa. "Nina mama, kaka," ndiyo sababu aliyonipa. Hata Kibosho, mzee akishika mbege yake anasema lolote, ila akiona simu inarekodi anahamia kwenye bei ya kahawa.

Polisi walisema wanachunguza suala la Roma. Jalada lile liko wapi? Na wewe mwandishi mwenzangu, kabla hujaandika tena "wasiojulikana", mpigie kamanda kwanza. Asipojibu, andika kwamba polisi hawajawataja.