Usiopingwa si Usiopingika

Miaka kadhaa iliyopita nilialikwa kuwa mmoja wa waamuzi katika mdahalo wa wanafunzi wa shule za upili. Mdahalo wenyewe uliendeshwa kwa Kiingereza, na mada ilihusu mabaharia wa Bahari ya Hindi kabla ya kuja kwa Wareno. Mvulana mmoja, msemaji hodari mwenye sauti ya kunyamazisha ukumbi, alieleza kwamba aliyemwongoza Vasco da Gama kutoka Malindi hadi Bara Hindi mnamo 1498 alikuwa Ahmad ibn Majid, bingwa wa ubaharia kutoka Uarabuni. Kisha akanyamaza kidogo, akatutazama sisi waamuzi, akasema kwamba huo ni ukweli "apodictic". Makofi yalirindima. Wengi waliopiga makofi hawakulijua neno lile, na nina hakika hiyo ndiyo sababu mojawapo ya kuyapiga.

Msichana wa upande wa pili alisimama akasema kuwa amesoma mahali kwamba jambo hilo lina utata. Hakuwa na neno kubwa la kulikabili neno lile. Alijaribu sentensi mbili tatu, akakatizwa na minong'ono, akaketi. Nami, kwa kalamu yangu nyekundu, nilimpunguzia alama mbili kwa kukana jambo linalojulikana, nikamwongezea mvulana alama moja kwa utajiri wa msamiati.

Leo nakiri kwamba nilikosea mara mbili, katika historia na katika lugha. La historia nitalimaliza upesi. Habari kwamba Ibn Majid ndiye aliyewaongoza Wareno ilitoka kwa Qutb al-Din al-Nahrawali, mwandishi wa tarehe aliyeishi Makka katika karne ya 16, nayo ikaenezwa mapema katika karne ya 20 na mtaalamu Mfaransa, Gabriel Ferrand. Lakini João de Barros, mwanahistoria Mreno wa karne hiyo hiyo ya 16, anamtaja rubani huyo kuwa Mwislamu wa Gujarat. G. R. Tibbetts, aliyetafsiri maandishi ya Ibn Majid kwa Kiingereza mwaka wa 1971, naye aliitilia shaka habari hiyo. Yule msichana alikuwa amesoma vizuri kuliko mwamuzi wake. (Barros anampa rubani huyo jina la Malemo Caná, na hilo "Malemo" wataalamu hulifasiri kuwa ni "muallim", jina ambalo mabaharia wa bahari yetu walimpa nahodha ajuaye njia kwa nyota. Ndilo neno lililotupatia "mwalimu". Sijui kama sisi walimu tunastahili urithi huo.)

Turudi kwenye neno, maana ndiko nilikokosea zaidi. "Apodictic" lilitoka katika Kiyunani, kutokana na kitenzi chenye maana ya kuonyesha wazi au kuthibitisha, likapitia Kilatini, likaingia katika Kiingereza mnamo karne ya 17. Wengine huliandika "apodeictic". Mkazo wake huanguka kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, kama ilivyo ada katika maneno ya Kiswahili, kwa hiyo Mswahili hana udhuru wa kulitamka vibaya. Aristotle ndiye aliyelipa uzito katika mantiki. Kwake, hoja ya namna hii ni ile inayoanzia katika misingi ya kweli, ikashuka hatua kwa hatua hadi kwenye hitimisho ambalo haliwezi kuwa vinginevyo. Kwa hiyo neno hili si sawa na "axiomatic", ingawa wanafunzi wengi huyachanganya. Lile la pili husemwa kuhusu msingi wenyewe, ambao hauthibitishwi bali hukubaliwa ili kazi ianze. Hili letu husemwa kuhusu kile kilichojengwa juu ya msingi na kikathibitishwa.

Hata hivyo, maneno husafiri. Baadaye Waingereza walianza kulitumia kuhusu mtu anayesema kana kwamba amekwisha kuthibitisha, kumbe ametangaza tu. Mtu akiambiwa kuwa na namna "apodictic" ya kuzungumza, hasifiwi. Maana yake ni kwamba hutoa kauli ya mkataa, na anayetaka kuuliza swali ajiulize mwenyewe. Basi tuna neno moja lenye nyuso mbili: uso wa ithibati na uso wa ubabe. Yule mvulana alidhani anatumia wa kwanza. Alikuwa akitumia wa pili, nasi waamuzi tukamtunuku.

Sasa, msomaji mpenzi, tutalifasirije? Hapa ndipo Kiswahili kinapotupa zawadi ambayo hatuithamini. Nimeona wanafunzi, na hata walimu, wakiandika "ukweli usiopingwa" na "ukweli usiopingika" kana kwamba ni kitu kimoja. Sivyo hata kidogo. Chukua kitenzi "pinga". Ukikitia katika kauli ya kutendwa unapata "pingwa", na unaposema ukweli haupingwi, unaeleza tabia ya watu: hakuna ajitokezaye kuupinga. Pengine wanaogopa, pengine hawajui, pengine wamelala. Ukikitia katika kauli ya kutendeka unapata "pingika", na hapo husemi tena habari za watu. Unaeleza hali ya jambo lenyewe. Njia isiyopitwa ni ile ambayo watu hawaipiti, labda kwa sababu ya hadithi za majini. Njia isiyopitika ina korongo katikati. Irabu moja na konsonanti moja, "-ik-", hubeba tofauti ambayo wanafalsafa wameiandikia vitabu.

"Apodictic" katika maana yake ya asili ni "usiopingika". "Usiopingwa" ni jambo jingine kabisa.

Nitatoa mfano wa hesabu, ingawa mimi ni mtu wa lugha, na walimu wa somo hilo watanisamehe. Kuna nambari tasa, zile zisizogawika ila kwa moja na kwa zenyewe: 2, 3, 5, 7, 11, 13 na kuendelea. Zizidishe kuanzia ya kwanza, kisha uongeze moja. Ukichukua 2 peke yake utapata 3, nayo ni tasa. Ukizidisha 2 kwa 3 ukaongeza moja utapata 7, tasa. Ukiendelea hadi 5 utapata 31, hadi 7 utapata 211, hadi 11 utapata 2311. Zote ni tasa. Mara tano mfululizo! Mwanafunzi ataandika kwa wino kwamba kila nambari ipatikanayo kwa njia hii ni tasa, na darasani hakuna atakayempinga. Lakini hebu songa hatua moja zaidi, hadi 13. Utapata 30031, na nambari hiyo ni 59 mara 509. Kauli iliyosimama mara tano bila kupingwa imeanguka mara ya sita.

Euclid, aliyeishi yapata mwaka wa 300 kabla ya Kristo, alitumia hesabu kama hiyo kusema jambo dogo zaidi, lakini lisilopingika. Alisema kwamba hata ukikusanya nambari tasa ngapi, kuna nyingine ambayo hukuikusanya. Kwa nini? Zizidishe zote ulizo nazo, ongeza moja. Nambari utakayopata ukiigawa kwa yoyote kati ya zile zako itabakiza moja. Basi ama yenyewe ni tasa mpya, ama inagawika kwa tasa ambayo haikuwamo katika orodha yako, kama 59 na 509 zilivyojitokeza. Hakuna mlango wa tatu. Mwanafunzi mwenye shaka haambiwi anyamaze. Anapewa chaki, na shaka yake ikiisha anakuwa sawa na mwalimu katika jambo hilo, kwa kuwa hakuipokea kwa heshima ya mtu. Hiyo ndiyo alama ya ukweli wa namna hii: huwa haudhuriwi na maswali.

Na tusidhani kwamba dhana hii ni ngeni kwetu hata tulazimike kuunda neno. Kitabu cha Aristotle kinachoshughulikia ithibati kilifasiriwa kwa Kiarabu mnamo karne ya 10 na Abu Bishr Matta, na Waarabu wakakijua kwa jina la Kitabu cha Burhani. Burhani! Neno hilo limo katika Kiswahili, na wapo watu walioitwa jina hilo. Baadaye Ibn Rushd wa Cordoba, katika karne ya 12, alizigawa hoja katika mafungu: zile za burhani, zile za jadali na zile za khatabi. Fungu la kwanza huthibitisha. La pili hushindana kwa kuanzia mambo ambayo watu wamekwisha kuyakubali. La tatu hushawishi kwa uzuri wa usemi. Sasa tazama tulichonacho mfukoni. Kutoka katika shina la neno la pili tuna "jadili" na "mjadala". Kutoka katika shina la tatu tuna "hotuba" na "hatibu". Mafungu yote matatu yalifika pwani yetu, yakapokewa, yakavaa viambishi vya Kibantu. Tumeyatumia mawili kila siku, bungeni, misikitini, shuleni na barabarani. La kwanza tumeliacha livae vumbi.

Kwa hiyo napendekeza kwamba katika maana ya mantiki tuseme "hoja ya burhani", na katika maana ya sauti isiyotaka swali tuseme "kauli ya mkataa". Mfasiri akitumia moja kwa zote mbili atakuwa amemdhulumu msomaji.

Yapo pia mambo ya matumizi ambayo mwanafunzi hana budi kuyaangalia. Katika maana ya burhani, sifa hii haina zaidi wala pungufu. Jambo limethibitishwa ama halijathibitishwa, na anayeandika kwa Kiingereza kwamba hoja moja ni "apodictic" kidogo kuliko nyingine ameteleza. Katika maana ya mkataa vipimo vinakubalika, maana watu hutofautiana kwa ukali wa kauli. Aidha, neno hili ni la vitabuni. Anayeliingiza katika insha kuhusu likizo yake mashambani atachekesha bila kukusudia.

Immanuel Kant, katika kitabu chake kikuu cha mwaka wa 1781, alitofautisha hukumu zinazosema jambo linawezekana, zinazosema jambo ndivyo lilivyo, na zinazosema jambo halina budi kuwa hivyo. Ni hizo za mwisho tu alizoziita kwa jina letu hili. Laiti ningalikuwa na mizani hiyo siku ile ya mdahalo! Kwamba huenda Ibn Majid alimwongoza Vasco da Gama ni kauli ya kwanza, na yeyote anaweza kuitoa kwa amani. Kwamba alimwongoza ni ya pili, inayodai ushahidi. Kwamba haiwezekani kabisa kuwa hakumwongoza ni ya tatu, na sidhani kama kuna mwanahistoria mwenye akili timamu atakayeitia sahihi. Mvulana alikuwa na vifaa vya kauli ya kwanza, akadai bei ya tatu.

Lakini nani alimfundisha hivyo? Nasita kumlaumu. Katika shule zetu nyingi mtoto hujifunza mapema kwamba jibu ni lile lililomo katika mwongozo wa usahihishaji. Nimeketi na wenzangu tukisahihisha insha na kuona jibu zuri, lenye sababu, likipata sufuri kwa kuwa mwongozo haukulitaja, na mkuu wa meza akisema kwa sauti ya mkataa kwamba mwongozo ni mwongozo. Naelewa shida yake. Karatasi ni nyingi, siku ni chache, na usawa baina ya watahiniwa ni haki yao. Mwongozo haupingwi, na kwa wiki hizo mbili tatu pengine ni vema usipingwe. Dhambi huanza pale mwalimu anaporudi darasani Januari na kuwafundisha wanafunzi kwamba haupingiki.

Siku hizi huwapa wanafunzi wangu zoezi. Kila mmoja huchagua sentensi tano kutoka katika vitabu vyake vya kiada, vya somo lolote, na pembezoni mwa kila moja huandika "pingwa" au "pingika", pamoja na sababu. Mwanzoni waliandika "haipingiki" kila mahali, kwa adabu. Juma la tatu binti mmoja aliinua mkono akauliza kama yale niliyowaeleza jana kuhusu ngeli, kwamba kila nomino ina ngeli moja tu, yalikuwa ya burhani au ya mkataa. Darasa zima likanigeukia. Nilimwomba anipe hadi Jumatatu.