Ubia Ukivunjika, Hesabu Zisingoje Hukumu

Biashara nyingi za Tabora huendeshwa kwa ubia. Mmoja ana lori, wa pili ana ghala, wa tatu anavijua vijiji vyenye asali, karanga na mpunga. Wakielewana, hugawana faida. Wakigombana, hukimbilia mahakamani, na hapo mtaji huanza kuyeyuka: shauri linaahirishwa, mwenye funguo za ghala anaendelea kuuza, mwenzake anaendelea kulipa nauli na wakili.

Mgogoro wa namna hii si mgeni katika njia hii ya zamani ya misafara. Katika karne ya 19, Tippu Tip na Rumaliza wa Ujiji walishirikiana katika biashara ya pembe na watumwa. Ushirika wao uliishia mahakamani, biashara yenyewe ikiwa imekwisha sambaratika.

Leo sheria hazikosekani. Tangu 1994 kanuni zinataka shauri la madai lipangiwe muda wa kumalizika. Mwaka 2000 Katiba iliongezewa Ibara ya 107A, inayozitaka mahakama zisicheleweshe haki bila sababu ya msingi. Sheria ya Mikataba nayo inasema kuwa, pasipo makubaliano mengine, wabia hugawana faida na hasara sawa kwa sawa.

Upo pia uwezo ambao wadai wengi hawauombi. Mahakama inaweza kutoa kwanza hukumu ya awali, ikataja fungu la kila mbia na siku ubia unapokoma, kisha ikaagiza hesabu zifanywe. Inaweza vilevile kuteua msimamizi wa mali wakati shauri likiendelea.

Maoni yetu ni kwamba amri hizo ziombwe na kutolewa mapema. Nani alimkosea nani ni swali linaloweza kuchukua muda; magunia yaliyomo ghalani hayahitaji kulisubiri jibu lake. Ni kweli kwamba mmoja akikana kuwapo kwa ubia, hilo sharti liamuliwe kwanza. Lakini pale ambapo wote wanaukubali, kila ahirisho lisilo na amri juu ya mali ni zawadi kwa mwenye funguo.

Wafanyabiashara nao wana wajibu. Andikeni mkataba kabla ya kununua gunia la kwanza, na mtaje msuluhishi wa kuamua mkigombana. Fungeni hesabu kila mwezi, wote mtie sahihi. Ubia ukivunjika, wajulisheni BRELA, benki na wauzaji mara moja, kwa maana asiyejulishwa anaweza kukudai deni alilokopa mwenzako baada ya kuachana.

Ngoja ngoja huumiza matumbo. Mwenye shauri mahakamani amwulize wakili wake wiki hii: je, tumeomba hesabu?