Uwanja Huu ni wa Nani?

Jumapili moja, baada ya ibada katika kanisa moja la Makueni, vijana wa timu ya kandanda walituzunguka chini ya mwembe. Hawakuwa na kesi ya shamba wala ya dhamana, kama ilivyo desturi wanapomwona wakili. Mmoja wao alituuliza: “Wakili, ule uwanja wa Wote ni wa nani?” Tulimjibu upesi kwamba ni mali ya umma, yaani ni wake yeye na wenzake. Akasema: “Kama ni wetu, mbona hapa hakuna hata mmoja anayejua umekula pesa ngapi?” Tulinyamaza. Wakaenda zao kucheza kwenye mchanga wa mto uliokauka, kama walivyocheza baba zao. Makala haya ni jibu tunalowadai vijana wale, na tunawaandikia pia ndugu zetu wa Kitui, kwani swali ni moja.

Tuanze na yaliyo wazi. Mwaka wa 2013 muungano wa Jubilee uliomba kura ukiahidi viwanja vitano vya kisasa katika Kisumu, Mombasa, Nakuru, Eldoret na Garissa. Baadaye yakaongezwa majina ya viwanja vya mashinani chini ya shirika la serikali liitwalo Sports Kenya: Wote kwetu Makueni, Kinoru kule Meru, Ruring'u Nyeri, Karatu Kiambu, Chuka Tharaka-Nithi, Kamariny Elgeyo-Marakwet, na kimoja Marsabit. Kule Kamariny, karibu na Iten, mabingwa wa dunia walifungiwa uwanja wao wa mazoezi ili ujengwe upya. Miaka ikapita, ule wa kale wakawa hawana na mpya hawajauona. Kwetu Wote kazi ilianza, ikasimama, na wanakandarasi wakawa wanadai malipo. Mkaguzi Mkuu wa Hesabu aliitaja miradi hiyo katika ripoti zake mara baada ya mara. Septemba 2017 Shirikisho la Kandanda la Afrika liliinyang'anya Kenya uenyeji wa mashindano ya CHAN ya 2018 kwa sababu viwanja havikuwa tayari, nayo yakapelekwa Moroko.

Sasa tuvuke tuingie Kitui. Sherehe ya Mashujaa ya tarehe 20 Oktoba 2025 ilifanyika katika uwanja wa Ithookwe. Ilipojulikana kwamba wakuu wa nchi watakuja kuketi pale, fedha zilipatikana, mafundi walipatikana, na kazi ikaenda mbio ili siku isipite. Tunawapongeza watu wa Kitui kwa kuupata uwanja ule, nao waulinde. Lakini tujifunze jambo moja. Haikuwa kweli kwamba serikali haiwezi kujenga uwanja katika Ukambani. Inaweza ikitaka, na hutaka anapotarajiwa mgeni wa heshima. Kwa kijana wa mchangani haina haraka.

Kwa nini? Wengi hujibu kwamba viongozi wa michezo ni wezi. Jibu hilo ni jepesi mno, na sisi wanasheria haturuhusiwi kumwita mtu mwizi kabla mahakama haijasema. Twadhani kiini cha maradhi kiko mahali pengine. Michezo yetu ya kitaifa ni eneo ambalo mageuzi ya vyama vingi hayakufika.

Wale waliokuwa watu wazima mwaka wa 1988 wanakumbuka kura ya mlolongo. Mtu alisimama nyuma ya picha ya mgombeaji, na mwenye mlolongo mfupi akatangazwa mshindi mchana kweupe. Desemba 1991 kifungu cha 2A cha katiba ya zamani kiliondolewa, na Desemba 1992 tukapiga kura ya vyama vingi. Makanisa yalikuwa mstari wa mbele katika vita hivyo, na waumini wengi walilipa gharama yake. Mwaka huohuo wa 1992, Bw. Isaiah Kiplagat alichukua uongozi wa chama cha riadha cha taifa, akakaa nao hadi 2015. Bw. Kipchoge Keino, shujaa wetu wa Mexico 1968, aliiongoza Kamati ya Olimpiki kuanzia 1999 hadi 2017. Katika miaka hiyo Kenya ilibadilisha marais na ikajiandikia katiba mpya.

Hatusemi kwamba kukaa muda mrefu ni hatia. Bw. Keino hakutiwa hatiani kwa lolote, na heshima yake ya uwanjani hakuna awezaye kuifuta. Tunasema kwamba pale ambapo anayepiga kura ni mjumbe anayemtegemea kiongozi kwa safari, kwa posho na kwa sare, hiyo ni kura ya mlolongo iliyovaa tai. Rais wa kandanda ya nchi nzima huchaguliwa na watu wasiofika mia moja. Mama anayeuza maembe barabarani hulipa ushuru unaojenga uwanja. Mwanawe hutokwa na jasho kwenye mchanga wa mto. Hakuna hata mmoja kati yao ajuaye jina la mjumbe anayewapigia kura.

Matunda ya mpango huo tumeyaona. Novemba 2015 wanariadha wenyewe waliivamia Riadha House, Nairobi, wakafunga malango na kudai hesabu. Siku chache baadaye Bw. Kiplagat na wenzake wawili walisimamishwa na kamati ya maadili ya riadha ya dunia. Bw. Kiplagat aliaga dunia mwaka wa 2016. Mwaka wa 2018 mwenzake mmoja, Bw. David Okeyo, alifungiwa maisha na bodi ya maadili ya riadha ya dunia kwa sababu ya fedha za mfadhili Nike zilizogeuzwa njia.

Ikaja Rio, Agosti 2016. Vijana wetu walirudi na nishani 13, sita kati yake za dhahabu. Lakini Julius Yego, bingwa wa dunia wa kurusha mkuki, alifika uwanja wa ndege akakuta hana tikiti, ilhali watu wasiokuwa na kazi yoyote Rio walisafiri wakiwa wamestarehe. Septemba 2021 Mahakama ya Kupambana na Ufisadi ilimtia hatiani aliyekuwa waziri, Bw. Hassan Wario, kwa matumizi mabaya ya mamlaka, ikampiga faini ya shilingi milioni 3.6 au kifungo cha miaka 6. Kiongozi wa msafara, Bw. Stephen Soi, alipigwa faini ya zaidi ya shilingi milioni 100. Washtakiwa wengine waliachiliwa. Mahakama ilifanya kazi yake, lakini ilihitaji miaka mitano, na ilikuja baada ya maziwa kumwagika.

Kwa upande wa kandanda, Novemba 2021 serikali ililivunja shirikisho na kuweka kamati ya muda. FIFA ikaifungia Kenya Februari 2022 na kuifungulia Novemba mwaka huohuo. Timu yetu ikakosa kushiriki michuano ya kufuzu Kombe la Afrika la 2023. Funzo hapa ni chungu: waziri akilala, wezi hula, na waziri akiamka na rungu, wachezaji ndio hupigwa. Basi ulinzi wa michezo hauwezi kuachiwa waziri. Lazima utoke chini.

Lakini hapa hatuna budi kujitia kidole jichoni. Waswahili husema kikulacho ki nguoni mwako. Miaka kadhaa iliyopita chama fulani cha michezo kilituomba tukiandikie katiba. Wenyewe walitaka wajumbe wawe wachache, “ili mkutano usiwe ghali.” Tuliliona tatizo. Tulilitaja mara moja, wakatutazama, nasi tukaandika walivyotaka, tukalipwa. Hakuna sheria tuliyoivunja. Lakini tuliposimama chini ya ule mwembe tulijua kwamba kalamu yetu nayo ilisaidia kujenga ule ukuta unaomzuia kijana asijue uwanja ni wa nani.

Makanisa nayo hayajasalimika. Mara ngapi tumempa kipaza sauti madhabahuni kiongozi aliyekuja na jezi na mipira, tukampigia makofi, wala hatukumuuliza mipira ile ilinunuliwa kwa fedha za nani? Novemba 2024 Jimbo Kuu la Kikatoliki la Nairobi lilikataa mchango ambao Rais alikuwa ameutoa kwa parokia moja. Wengi walishtuka. Sisi tulifurahi, kwa sababu kanisa lililopokea haliwezi kuhoji.

Dawa iko wapi? Hatuhitaji kwenda Ulaya kuitafuta, kwani iko hapahapa nyumbani. Watu wa Kitui na Makueni wamejenga mabwawa ya mchanga kwa miaka mingi kupitia mwethya. Kila mtu huleta jembe lake, mawe na mchanga hubebwa na wenyeji, na mfuko mmoja wa saruji ukipotea asubuhi, kijiji kizima kinajua kabla ya jua kutua. Mwethya hauhitaji polisi, kwa maana mwenye kazi ndiye mwenye macho.

Makueni iliuchukua moyo huo ikauingiza serikalini. Chini ya Gavana Kivutha Kibwana, mwalimu wa sheria aliyekuwa mstari wa mbele katika kudai katiba mpya, kaunti iliweka kamati za wananchi za kusimamia miradi. Zahanati au kisima kikijengwa, wenyeji huchagua kamati yao, na mwanakandarasi halipwi mpaka kamati ikubali kwamba kazi imefanyika sawasawa. Mambo hayakwenda bila doa, lakini wageni kutoka kaunti nyingine walikuja kujifunza. Tazama basi kinyume chake: katika kaunti hiyohiyo, mwanakijiji anao uwezo wa kuzuia malipo ya zahanati yenye chumba kimoja, lakini hana neno juu ya uwanja wa mamilioni uliomo Wote, kwa kuwa huo ni mradi wa Nairobi.

Katiba ya 2010 haikukusudia hivyo. Kifungu cha 201 kinataka uwazi na ushiriki wa wananchi katika fedha zote za umma, za kaunti na za taifa. Kifungu cha 226 kinasema kwamba mwenye kuidhinisha matumizi kinyume cha sheria atawajibika yeye mwenyewe kwa hasara, hata akiwa ameondoka ofisini. Kifungu cha 35 kinampa kila raia haki ya kupata habari zilizo mikononi mwa serikali. Sheria ya mwaka wa 2016 inaitaka ofisi ya umma kumjibu mwombaji ndani ya siku 21. Isipojibu, kuna Tume ya Haki ya Utawala ya kumpokea. Kuomba hakuhitaji wakili.

Kwa hiyo twapendekeza mambo manne. Kwanza, kamati za Haki na Amani za parokia, pamoja na vikundi vya vijana vya makanisa mengine, ziandike barua moja kwa Sports Kenya ziulize mkataba wa Wote ulikuwa wa kiasi gani, zimelipwa ngapi, nani alilipwa, kwa kazi ipi, na kipi kimebaki. Ndugu wa Kitui waulize hayohayo kuhusu Ithookwe, maana jengo lililomalizika nalo lina hesabu.

Pili, wabunge na maseneta wa kaunti zetu mbili wadai kwamba kila mradi wa michezo wa serikali ya taifa uwe na kamati ya wenyeji, kama zahanati. Tatu, timu zetu zijisajili, zihudhurie mikutano ya matawi, na zimjue kwa jina mjumbe anayekwenda kupiga kura Nairobi. Akirudi aulizwe alimchagua nani na kwa nini. Nne, kanisa lisipokee jezi wala mpira kutoka kwa kiongozi wa michezo ambaye hajachapisha hesabu za chama chake.

Kuna watakaosema kwamba watu wenye njaa na kiu hawana nafasi ya kuwaza viwanja. Twawaheshimu, lakini twawakumbusha jina la Benson Masya wa Kitui. Alianza kama mwanandondi, akageukia mbio, na mwaka wa 1992 akawa bingwa wa kwanza wa dunia wa nusu marathoni. Aliaga dunia mwaka wa 2003 akiwa kijana wa miaka 33. Vipawa kama chake vingali katika vilima hivi. Kwa kijana asiye na shamba lenye maji wala karo ya chuo, miguu yake huenda ndiyo urithi wa pekee alioachiwa. Mwenye kuiba uwanja wake amemwibia shamba.

Katika Injili Bwana wetu aliwasimulia watu habari za mtu aliyeanza kujenga mnara asiweze kuumaliza, wapita njia wakamcheka. Yule alijenga kwa fedha zake mwenyewe. Hawa wetu walijenga kwa zetu, nasi ndio tunaochekwa.

Barua kwa Sports Kenya tumekwisha kuiandika, ukurasa mmoja, kwa Kiswahili na kwa Kiingereza, bila malipo. Itasomwa chini ya mwembe uleule baada ya ibada. Kijana aliyetuuliza swali ameomba awe wa kwanza kutia sahihi. Tunawaomba wengine wamfuate, kisha tuanze kuhesabu siku 21.