Mwacheni Mzee Asimame
Na Mndamba wa Kibaoni

Nimeudhika, na sitaficha. Jumamosi hapa stendi ya Ifakara, mkabala na kibanda cha kubeti, mzee mmoja mlokole alisimama peke yake ameshika kipande cha boksi kilichoandikwa kwa mkaa: KAMARI NI DHAMBI. Wanaonisoma siku zote wanajua ugomvi wangu na spika za mahubiri ya usiku. Huyu hakuwa na spika. Alisimama tu juani, na kila aliyetoka na mkeka mkononi alimwambia, "Mwanangu, rudi nyumbani."

Vijana wa bodaboda wakamzomea. Mmoja akammwagia maji. Kisha akaja mgambo, akamnyang'anya boksi, eti anafukuza wateja wa watu. Aliyemwaga maji hakuulizwa kitu. Nikamuuliza mgambo kosa la mzee ni lipi, akanijibu kwamba hayanihusu.

Yananihusu sana! Ibara ya 19 ya Katiba inasema kueneza dini ni huru na ni hiari ya mtu. Mwaka 2013 Mahakama ya Rufani iliwapa haki wanafunzi Mashahidi wa Yehova walioadhibiwa shuleni kwa kukataa kuimba wimbo wa Taifa. Mimi wimbo ule nauimba kwa sauti, na kwa hilo sikubaliani nao hata kidogo. Lakini nchi haikutikisika kwa ajili ya watoto waliofunga midomo. Leo itatikiswa na boksi la mzee?

Tena mzee amesema kweli, na ndiyo sababu anachukiwa. Msimu wa mpunga familia nzima huhamia bondeni. Akina mama wanalala kwenye madungu, mbu wanawamaliza, alfajiri wako juu wakiamia ndege. Mpunga ukishavunwa, gunia linauzwa na hela inaishia kwenye mkeka. Nyumba ngapi hapa mjini hazilijui hilo? Angehubiri dhambi za watu wa mbali, vijana walewale wangemwitikia amina.

Mashehe, mapadri na wachungaji wa Ifakara, kamari inayomaliza hela ya familia haikubaliki kwenu nyote. Ijumaa imepita na Jumapili imepita, sijasikia neno lenu juu ya mzee huyu. Jumamosi ijayo nendeni stendi, mkasimame naye.